Uzi wa Kushoto

Uzi wowote una upande unaoelekea. Ukisokota sufu kwa kulia, hujiviringa ikiinamia upande mmoja. Ukisokota kwa kushoto, huinamia upande wa pili. Aliyezoea nguo za dukani haoni tofauti hiyo hata akionyeshwa. Mfumaji wa Kiaymara huijua kwa ncha za vidole bila kuinua macho, na anajua pia kwamba kila upande una kazi yake. Uzi wa kawaida, wa kufumia mablanketi na mifuko na nguo za kila siku, husokotwa kwa kulia. Uzi wa kushoto, ch'iqa ch'ankha, husokotwa kwa makusudi. Hufungwa mkononi mwa mgonjwa, hufungwa kwa mama mjamzito, na huingizwa kwenye ukingo wa nguo ya mtu aliyekabidhiwa dhamana, ili baya linalomfuata likose pa kupenya.

Nimeanzia kwenye uzi kwa sababu yote ninayotaka kuyasifu juu ya uongozi wa Waaymara, wanyama wao watukufu na mizimu ya milima yao, nayaona yamekaa humo. Mengi yaliyoandikwa kuhusu imani za watu hawa huizungumzia milima na kondori kama mambo ya fikra tupu. Mimi naona imani ile ina mikono. Kuna mtu aliyeketi chini, akanyoosha miguu, akaifuma.

Waaymara ni karibu watu milioni mbili. Wengi wako Bolivia, wengine kusini mwa Peru na kaskazini mwa Chile, kwenye uwanda wa juu uliobanwa na safu mbili za Milima ya Andes, kulizunguka Ziwa Titicaca na kuteremka kusini hadi kwenye majangwa ya chumvi. Uwanda huo uko kiasi cha mita 3,800 juu ya usawa wa bahari. Mchana jua linachoma, na usiku wa Juni maji yaliyosahauliwa nje kwenye ndoo huganda. Miti ni haba na pamba haioti. Kinachomvika mtu huko ni lama na alpaka, na kabla ya kumvika, sufu hiyo sharti inyolewe, ichambuliwe, isokotwe mara mbili, itiwe rangi, itandwe, ndipo ifumwe.

Kutoka mitaa ya La Paz unauona Illimani, mlima wa theluji wenye zaidi ya mita 6,400. Mbali upande wa magharibi, karibu na mpaka wa Chile, Sajama umesimama peke yake kwa mita 6,542, mrefu kuliko yote nchini Bolivia. Waaymara huiita milima ya namna hii achachila, yaani mababu. Mlima una jina, una tabia, una wivu na una madeni. Husimuliwa kwamba Mururata, jirani wa Illimani, ambao leo una kilele bapa, hapo zamani ulikuwa na kichwa kirefu na kiburi cha kutosha. Ukapigwa kwa kombeo, kichwa kikaruka kuvuka uwanda mzima, kikatua kule magharibi: ndio Sajama. Kombeo lenyewe, q'urawa, ni kamba iliyosukwa kwa sufu, na wachungaji wanalo mpaka leo. Napenda kwamba hata ugomvi wa milima haukuweza kumalizika bila kitu kilichosukwa kwa mkono.

Achachila hufuga. Familia ina lama wake zizini, wamepambwa masikioni kwa vishada vya sufu nyekundu na ya waridi. Mlima nao una mifugo yake kule juu kusiko na zizi. Vikunya, mnyama mwembamba wa rangi ya mdalasini, ndiye lama wa mlima. Mbweha ni mbwa wake, puma ni paka wake, kondori ni kuku wake. Mwindaji aliyeua vikunya bila kuomba ameiba mali ya mwenyewe, na mwenyewe yuko juu pale anamtazama. Kufikia miaka ya 1960 wezi wa namna hiyo, wenye bunduki na soko la nje, walikuwa wamekaribia kuwamaliza vikunya. Mwaka 1969 Bolivia na Peru zikatia sahihi mjini La Paz mkataba wa kuwalinda, na idadi yao ikapanda polepole hadi leo wanahesabiwa kwa malaki. Siku hizi jamii za nyanda za juu huwakusanya kwa njia ya zamani: watu hushika pamoja kamba ndefu iliyofungwa vitambaa, hutembea kwa mstari mpana huku wakiuminya, mpaka wanyama wanaingia uani bila kupigwa. Kila mmoja hunyolewa sufu isiyozidi gramu mia mbili na ushei, kisha huachwa arudi kwa mwenyewe. Kabla ya kuanza, majani ya koka na pombe hutolewa kwa mlima. Ni hodi kwa mwenye mifugo.

Yupo mnyama mwingine ambaye watu wengi wa huko hufa bila kumwona akiwa hai: titi, paka wa Andes, mwenye manyoya ya kijivu na mkia mnene wa pete nyeusi, ambaye huishi majabalini. Ngozi yake ikipatikana hukaushwa, hupambwa kwa nyuzi za rangi na sarafu, na hutunzwa na familia. Siku ya kuwatia lama alama hutolewa, ikawekwa pamoja na sadaka, ili zizi lijae.

Kiongozi naye ni mchungaji. Katika ayllu za Karangas, upande wa Oruro nchini Bolivia, wawili wanaoshika mwaka huitwa tata awatiri na mama awatiri, baba mchunga na mama mchunga. Ayllu ni ukoo pamoja na ardhi yake. Ayllu kadhaa zikiungana hufanya marka. Ayllu ina kiongozi wake, jilaqata. Juu yake yuko mallku, jina ambalo kondori dume anaitwa, na mlima pia. Dhamana hapewi mtu mmoja. Hushikwa na mume na mke, yeye mallku na mkewe mama t'alla, kwa kuwa mseja hajahesabiwa kuwa mtu mzima wa kubebeshwa watu wengine. Hakuna kampeni. Zamu huzunguka nyumba kwa nyumba, na mwenye shamba katika ayllu ataifikia tu, apende asipende. Kabla ya hapo ameshapitia kazi ndogondogo: kupeleka ujumbe, kulinda mashamba yasiingiliwe na mifugo, kugharimia sikukuu. Safari hiyo ya miaka mingi huitwa thakhi, njia. Mshahara hakuna. Mwaka wa uongozi huila nyumba: chakula cha wageni, koka ya mikutano, lama wa tambiko, siku zisizohesabika za kusuluhisha ugomvi wa mipaka wakati shamba la mwenyewe linangoja. Wawili hao hutoka na mifugo michache kuliko waliyoingia nayo, na neno lao huwa zito mpaka kufa.

Na lazima wavikwe. Hapa ndipo ufundi unapoingia, na hapa sina haraka.

Huko Omasuyos, mashariki mwa Ziwa Titicaca, poncho ya kiongozi ni nyekundu yenye milia myeusi. Huitwa wayruru, kwa jina la mbegu za rangi hizo mbili zinazofanana na turituri zetu za pwani. Mjeledi wa ngozi hupita begani, si wa kupigia mtu bali wa kuonekana. Kifuani huning'inia ch'uspa, kimfuko cha koka kilichofumwa. Mama t'alla ana awayu, nguo ya kubebea mizigo, mgongoni, na istalla, kitambaa kidogo cha kubebea koka yake mwenyewe, maana naye ataombwa na ataomba kama mumewe. Katika jamii kadhaa kiongozi haruhusiwi kuvua poncho mbele za watu mwaka mzima. Akiivua, mvua ya mawe itashuka kwenye viazi na kinoa, au baridi ya usiku itaunguza maua. Kwa hiyo nguo ile ni kazi. Inayafunika mashamba ya watu wote, na aliyeifuma ndiye aliyeyafunika kwanza.

Mke anayejua kwamba zamu inakaribia huanza mapema, na huanza akitembea. Kijiti cha kusokotea, qapu, ni ufito mwembamba wenye kisahani cha mbao upande wa chini. Huning'inia hewani kikizunguka, mkono mmoja umeshika sufu, mwingine unavuta na kuupa uzi msokoto. Mwanamke huteremka nacho mlimani nyuma ya lama, huketi nacho mkutanoni, husubiri nacho basi. Uzi mmoja haufai. Mbili huwekwa pamoja, zikasokotwa tena kwa upande wa kinyume, kila mmoja uubane mwenzake. Kisha uzi huo hukazwa kupita kiasi, mpaka ukiulegeza kidogo unajiviringa wenyewe kwa hasira. Mgeni angesema umeharibika. Lakini ugumu huo ndio utakaoifanya nguo izuie upepo, ikatae maji kwa muda mrefu, na irithiwe na mjukuu ikiwa bado nzima.

Kutanda kunahitaji wawili. Vigingi vinne hupigwa ardhini kwa umbo la mstatili, vijiti viwili hufungwa, kimoja kila mwisho, na watu wawili huketi wakitazamana, wakirushiana bonge la uzi. Bonge huenda na kurudi, na kila safari huacha uzi mmoja juu ya mwingine. Hesabu ikipotea hapa imepotea moja kwa moja, kwa maana nguo za Andes ni nguo za mtande: nyuzi za urefu ndizo zinazoonekana, na mshindio hufichwa ndani kabisa. Upana, milia, mahali pa wanyama, vyote huamuliwa bonge likiwa bado linarushwa. Rangi ambayo haikutandwa siku ile haiwezi kuongezwa kesho.

Ukingoni ndipo uzi wa kushoto unapopata nafasi yake. Mfumaji hutanda nyuzi chache za kulia, halafu chache za kushoto, halafu tena za kulia, zote za rangi moja. Nguo ikishakamilika, ukiigeuza polepole kwenye mwanga utaona vichirizi vinavyopishana kama mifupa ya samaki. Hakuna rangi ya pili iliyotumika. Ni nyuzi tu zimeegemea huku na kule, na mwanga unazigonga tofauti. Pambo hilo karibu halionekani. Tena lina kazi nyingine. Nguo ya uzi uliokazwa namna ile hupenda kujikunja pembeni. Nyuzi za kinyume zikipangwa kwa zamu, nguvu ya huu huzuia nguvu ya ule, na ukingo hulala bapa. Watu wa makumbusho wameshaandika kurasa nyingi wakijiuliza kama uzi wa kushoto upo pale kwa ajili ya ulinzi au kwa ajili ya ufundi. Sioni kwamba mfumaji amewahi kuyatenganisha. Ukingo uliolindwa ni ukingo usiojikunja.

Chombo chake kikuu ni wich'uña, mfupa wa mguu wa lama uliochongwa ncha na kusuguliwa mpaka uking'aa. Mifupa ya aina hiyo imefukuliwa Tiwanaku, mji wa kale ulio kusini mwa Titicaca, ambao ulistawi na kuachwa karne kadhaa kabla Wainka hawajafika. Mfumaji akishapitisha uzi wa mshindio, huuvuta mfupa juu ya mtande kwa nguvu, mivuto mifupi mifupi, akiushindilia uzi mahali pake. Mlio wake ni mkavu na wa kukwaruza, unasikika hata nje ya ua. Mnyama aliyetoa sufu ametoa pia mfupa wa kuifumia, na mafuta yake yatawekwa kwenye sadaka ya mlima. Hakuna kiungo chake kilichoachwa nje ya shughuli.

Kondori hachorwi kwanza. Hakuna karatasi wala alama ya chaki. Mfumaji huokota nyuzi kwa vidole, akinyanyua hizi na kushusha zile, mstari kwa mstari, na kila mstari huuliza ule uliotangulia uliishia wapi. Bawa huanza kwa nyuzi tatu, hupanuka, hupinda. Katika ufundi unaopendwa zaidi kwenye mikanda na pembe za awayu, picha hutokea pande zote mbili: mbele kondori mwekundu amekaa kwenye weupe, nyuma yuleyule ni mweupe amekaa kwenye wekundu. Hakuna upande wa kuficha mafundo. Ukikosea uzi mmoja wa mkia, kosa litaonekana mara mbili, na dawa yake ni kufumua.

Kondori wa kweli ana mabawa yanayofikia mita tatu, uzito wa hadi kilo 15, na dume ana undu kichwani na ukosi mweupe wa manyoya shingoni. Kwa kawaida haui. Hula kilichokwisha kufa, na huzunguka juu kwa muda mrefu bila kupiga bawa, akibebwa na hewa inayopanda kutoka bondeni. Nadhani watu waliomweka jina moja na kiongozi walikuwa wamemtazama sana. Mfumaji aliyemtazama vizuri hufuma ule ukosi, hata kama ni kwa uzi mmoja tu mweupe.

Kati ya mikanda ya wanyama huachwa eneo pana la rangi moja. Huitwa pampa, uwanda. Jicho la mpita njia hukimbilia wanyama, likaruka hapo. Mimi kila nikitazama nguo hizi hukaa kwenye pampa, kwa sababu ndipo mkono hauna pa kujificha. Mkazo ukitofautiana kati ya asubuhi na jioni, mfumaji akiwa amechoka au amekasirika, uwanda utaonyesha wimbi. Kando yake huwekwa k'isa, vichirizi vyembamba vya rangi moja inayopauka hatua kwa hatua, tuseme kutoka damu ya mzee hadi waridi hafifu. Zamani wekundu huo ulitoka kwa wadudu wadogo wanaokaa kwenye mipungate, waliokaushwa na kusagwa. Rangi za viwandani zilipoingia karne ya 19, na nyuzi za plastiki katika karne ya 20, vichirizi vikawa vikali na vya haraka. Sitamlaumu mama aliyechagua uzi wa dukani. Ana watoto na siku ina saa zilezile. Lakini k'isa ya zamani hupumua, na ile ya dukani huita kwa sauti moja.

Mfumaji akishatoa nguo, nguo inaingia kazini. Agosti ndio mwezi ambao ardhi, Pachamama, hufungua kinywa. Ana njaa baada ya kiangazi, na mababu wa milimani wana njaa naye. Yatiri, mganga mjuzi, hutandika kitambaa kilichofumwa, na juu yake hupanga majani ya koka yaliyochaguliwa moja moja yasiwe na tundu wala mkunjo, mafuta ya lama, peremende zenye picha, kijusi cha lama kilichokaushwa, na vifungu vya sufu ya rangi. Anayekabidhi kwa niaba ya watu wote ni kiongozi na mkewe. Sadaka huchomwa, kitambaa hukunjwa na kurudi nyumbani. Vivyo hivyo anapotaka kusoma mambo, yatiri huyaangusha majani ya koka juu ya tari, kitambaa kidogo chenye mistari, na jani huwa na maana kulingana na mahali lilipotua. Bila nguo chini yake, jani limeanguka tu.

Watoto wa Kiaymara huijua hadithi ya mbweha aliyeng'ang'ania kwenda karamuni mbinguni. Kondori akambeba mgongoni. Mbweha akala mpaka akasahau kurudi, akaachwa. Akateremka kwa kamba ndefu, na njiani kasuku wakapita, akawatukana. Kasuku wakaikata kamba. Alipokuwa akianguka alipiga kelele kwa watu wa chini wamtandikie nguo nzuri, kwa kuwa anatoka mbinguni mtu mkubwa. Hakuna aliyetandika. Akapasuka juu ya mawe, na vyote alivyokula, kinoa na viazi na mbegu nyingine, vikatawanyika, ndio vyakula tulivyonavyo leo. Katika hadithi hiyo hunishika lile ombi. Anayeshuka kutoka juu akiwa na cheo hudai kutandikiwa. Watu ndio wanaoamua kama watatandika. Jilaqata anayeingia mwaka wake ametandikiwa.

Watawala wa Kihispania waliielewa nguvu hiyo ya nguo. Mwaka 1781 Julián Apaza, aliyejiita Túpac Katari, na mkewe Bartolina Sisa waliuzingira mji wa La Paz kwa miezi kadhaa, mume na mke wakiongoza pamoja kama desturi inavyotaka. Mwaka huohuo, kule Cusco, hukumu iliyomwua Túpac Amaru wa Pili, kiongozi mwingine wa uasi, ilipiga marufuku pia mavazi ya heshima ya wenyeji na baragumu zao. Katari aliuawa Novemba 1781, Bartolina Sisa akanyongwa Septemba 1782. Anayepiga marufuku nguo ameshakubali kwamba nguo inatawala. Tarehe 21 Januari 2006, siku moja kabla ya kuapishwa bungeni kuwa rais wa Bolivia, Evo Morales alisimama kwenye magofu ya Tiwanaku akiwa amevikwa kanzu ya kufumwa na kofia ya pembe nne, akakabidhiwa fimbo ya uongozi. Waliomchagua na waliompinga wote waliielewa ile nguo, na hakuna aliyehitaji kutafsiriwa.

Kisa kinachoniuma zaidi ni cha Coroma, mji mdogo wa nyanda za juu za Potosí. Ayllu za huko hutunza nguo za mababu, nyingine za karne nyingi, zimefungwa kwenye vifurushi viitwavyo q'ipi. Kila kifurushi kina walinzi wake waliopewa dhamana na ayllu. Mwanzoni mwa Novemba, siku za Watakatifu Wote, hufunguliwa. Mababu hulishwa koka, huulizwa ushauri, na viongozi wapya huingia kazini mbele yao. Nguo hizo hazimwakilishi babu. Ni babu. Kuanzia miaka ya 1970 wafanyabiashara wa nje walifika na kamera na pesa, na wakati wa ukame mkali wa miaka ya 1980 vifurushi vikaanza kupungua. Baadaye nguo za Coroma zikaonekana Marekani, zikiwa bidhaa. Wazee wa ayllu na mtafiti wa Bolivia, Cristina Bubba Zamora, walizifuatilia. Mwaka 1989 serikali ya Marekani ilizuia kuingizwa kwa nguo za Coroma, na mwaka 1992 makumi kadhaa yalirudishwa. Nyingine hazijarudi hadi leo. Ziko kwenye kuta za watu, zimemulikwa vizuri, wala hakuna anayewauliza neno mababu hao.

Makumbusho, tofauti na kuta hizo, yanaweza kufanya vingine. Elvira Espejo Ayca, mfumaji na mshairi kutoka Qaqachaka aliyelelewa katika Kiaymara na Kiquechua, aliongoza makumbusho ya taifa ya etnografia mjini La Paz. Pamoja na mwanaanthropolojia Denise Arnold aliandika vitabu vinavyoueleza ufundi huu kwa majina ya wafumaji wenyewe: namna ya kuokota nyuzi, namna ya kuhesabu, kila moja na jina lake. Anachosisitiza ni uywaña, kulea: mtu hulea lama, lama humlea mtu, mfumaji hulea nguo, nguo humlea mfumaji. Mwaka 2020 alipewa Nishani ya Goethe, mwaka mmoja na Zukiswa Wanner, mwandishi wa Afrika Kusini aliyefanya makazi yake Nairobi. Huwa nafurahi nikikumbuka kwamba heshima ile ilimfikia mtu aliyejifunza kwanza kwa mfupa wa lama.

Imebaki sehemu ya mwisho ya kazi, ambayo wengi hawaijui. Nguo ya Kiaymara haikatwi. Hutoka kwenye vigingi ikiwa na kingo nne kamili, hakuna mahali mkasi ulipopita, na poncho na awayu hufanywa kwa vipande viwili vya namna hiyo vilivyoshonwa katikati. Kwa hiyo mfumaji hufuma kutoka mwisho mmoja, kisha hugeuka akaanza mwisho wa pili, na pande mbili hizo zikikaribiana nafasi huwa finyu. Vijiti vya kunyanyulia nyuzi havipiti tena, huchomolewa kimoja kimoja. Wich'uña haina pa kuzungukia. Hubaki sindano: uzi mmoja juu, mmoja chini, mmoja juu, katika mtande uliokaza kama ngoma, kwa vidole vilivyopasuka kwa baridi. Upana wa kiganja unaweza kumchukua muda sawa na robo nzima ya nguo. Picha za wanyama kwa kawaida haziwezi kuendelea humo, hukatika au hubadilika kuwa milia mitupu, na mkazo hutofautiana kidogo hata kwa bingwa. Ukipewa poncho ya jilaqata uishike, acha kwanza rangi na kondori. Pitisha kidole kwenye pampa mpaka ukute mahali uwanda unapokuwa mgumu zaidi, nyuzi zimesongamana, na mshindio umeingizwa kwa sindano. Hapo ndipo pande mbili zilipokutana, na hapo ndipo utakapojua kiongozi yule alivikwa na nani.